Bibi Harusi wa Mara ya Pili na Wizara ya Shangwe

Kulikuwa na nchi, na bado ipo, ila jina lake kwa sasa liko kwenye matengenezo. Wananchi wake walikuwa na furaha sana, na furaha hiyo haikuachwa itokee ovyo. Palikuwa na Wizara ya Ndoa na Shangwe, yenye waziri, manaibu, magari, na ving'ora vya kutangulia harusi za wakubwa. Kazi ya Wizara ilikuwa kuhakikisha kwamba mtu akifurahi, anafurahi kwa utaratibu. Kigelegele cha ndani ya nyumba kiliruhusiwa. Kigelegele kinachovuka uzio kilihitaji kibali.

Katika nchi hiyo aliishi mpambaji wa kumbi za harusi aitwaye Mwantumu. Alikuwa mwanamke aliyepita arobaini, mwembamba, mwenye mkono wa kushoto usionyooka. Yeye na shoga yake Chausiku walikuwa na duka la kukodisha viti, maturubai na vitambaa. Mwantumu alipamba, Chausiku alisimamia vibarua na kugombana na wateja. Chausiku hakuwahi kuolewa na hakuwa na mpango huo. Alisema ameshusha maturubai ya harusi nyingi mno, na anajua kinachobaki chini yake.

Mwantumu alikuwa ameolewa zamani, akiwa binti mbichi. Mume alikuwa Hemedi Chombo, katibu wa vijana wa chama, na baba yake Mwantumu alitaka sana kuwa mkwe wa mtu wa chama. Nikaha ilifungwa Jumanne baada ya adhuhuri kwa sababu Hemedi alikuwa na mkutano jioni. Hapakuwa na hina, ngoma, wala somo wa kumkalisha mwari mkekani na kumfunda. Mama zake wadogo walipofika na khanga zao za sare walikuta bibi harusi ameshapakiwa kwenye gari la chama, katikati ya vipaza sauti viwili.

Aliishi kwa Hemedi miaka kadhaa. Siku moja chai ilipopoa, Hemedi alimvunja mkono. Chausiku ndiye aliyempeleka hospitali, akamchukua kwake, akamlisha kwa kijiko. Hemedi alipokuja kumdai mkewe, Chausiku alimsubiri mlangoni na nguzo ya chuma ya turubai. Hemedi aliitazama nguzo, akaitazama sura ya aliyeishika, akaandika talaka pale pale juu ya boneti la gari.

Baadaye sana akatokea Mwalimu Nasoro Pembe, mwalimu wa jiografia, mgane. Alikuja kukodi viti vya arobaini ya marehemu mkewe, na alipovirudisha vilikuwa vimefutwa vumbi kimoja kimoja. Mwantumu hakuwahi kurudishiwa viti vya namna hiyo. Mengine yalifuata taratibu, kama yanavyofuata kwa watu wazima.

"Twende kwa kadhi Ijumaa," alisema Nasoro walipokubaliana. "Dada yangu atapika pilau, tule, yaishe."

"Nataka kicheni pati," alisema Mwantumu.

Nasoro alidhani hakusikia vizuri. "Mwantumu, kwa umri huu, nani atakufundisha kupika?"

"Sitaki kufundishwa kupika. Nataka nikalishwe mkekani, nifunikwe khanga, niimbiwe na wanawake wanaonipenda. Wewe mara ya kwanza ulipigiwa ngoma siku tatu."

"Hata siikumbuki hiyo ngoma."

"Umeisahau kwa sababu ulipigiwa. Mimi sikupigiwa, na naikumbuka kila ninapompambia mwenzangu."

Nasoro alikuwa mpole, na wapole huwa hawashindani na jambo lililosemwa kwa sauti ya chini.

*

Kibali kilitolewa na Afisa Vigelegele wa Kata. Mwantumu na Chausiku walimkuta anakula karanga.

"Kicheni pati ya nani?" aliuliza.

"Yangu," alisema Mwantumu.

"Ndoa ya kwanza?"

"Ya pili."

Afisa aliacha kutafuna. "Kicheni pati ni kufundwa. Wewe ulishafundwa mara ya kwanza."

"Sikufundwa. Niliolewa Jumanne, haraka haraka."

"Uliolewa?"

"Ndiyo."

"Basi ulifundwa. Serikali hairuhusu mtu aolewe bila kufundwa, kwa hiyo jambo hilo halikutokea. Na kama ulifundwa na ndoa ikavunjika, unataka kusema mafundisho ya taifa ni mabovu?"

"Anataka kusema anataka ngoma," alisema Chausiku. "Unatoa kibali au hutoi?"

Afisa alimkazia macho Mwantumu peke yake, akashusha sauti kama daktari mwenye habari mbaya. "Mama, kuna tatizo kubwa zaidi. Umesema ndoa ya pili. Ya kwanza iko wapi?"

Hapo inabidi kueleza. Miaka michache kabla ya hapo Mlezi Mkuu wa Taifa alikuwa ametangaza, kwenye sherehe ya kuzaliwa kwake, kwamba katika nchi yake hakuna ndoa inayovunjika. Watu walipiga makofi. Kesho yake Wizara iliamka na kukuta nchi imejaa wanawake walioachika, jambo ambalo lilikuwa sawa na kumwita Mlezi Mkuu mwongo. Wizara ilifikiri wiki nzima, ikapata ufumbuzi: wanawake wale hawakuwa wameachika. Walikuwa wake walio likizo.

"Uko likizo, mama," alisema Afisa kwa upole. "Hili sina mamlaka nalo. Nalipeleka juu."

Njia nzima ya kurudi dukani Chausiku alilaani. Mwantumu alikuwa anafikiria kitambaa cha rangi ya krimu kitakavyoning'inia.

*

Huko juu jambo lilipokelewa kwa furaha. Haikupita muda, gari jeusi likamfuata Mwantumu dukani, akapelekwa kwa Waziri mwenyewe, Mheshimiwa Leokadia, mwanamke mnene mwenye sauti ya asali aliyekuwa akimwita kila mtu "mwanangu", hata waliomzidi umri.

"Mwanangu, nimeisikia habari yako nikalia," alisema Waziri. "Kuolewa Jumanne. Bila hata kigelegele. Nikawauliza hawa manaibu, sisi ni serikali ya aina gani?"

Manaibu waliinamisha vichwa.

"Kwa hiyo taifa lenyewe litakufanyia kicheni pati. Ukumbi wa Umoja. Ngoma, mapambo, chakula, redio na televisheni. Niambie unataka nini."

Mwantumu hakuwa amewahi kuulizwa swali hilo na mtu mwenye uwezo wa kulitimiza jibu lake. Alitaka vitambaa vya krimu. Alitaka ngoma ya kwao, si ya kwenye spika. Alitaka somo.

"Utapata," alisema Waziri kwa kila jambo. "Na bwana harusi tutamwandaa sisi."

Mwantumu alidhani Nasoro atashonewa suti. Akashukuru mpaka machozi yakamtoka, na Waziri akampa leso yenye nembo ya Wizara.

Chausiku alipoambiwa, aliweka chini kiti alichokuwa amebeba. "Serikali hii haijatutolea hata takataka za mtaani. Leo itutolee ngoma?"

"Usiniharibie, Chausiku."

"Simwamini yule mama. Anayekuita mwanangu na hakukuzaa, mwulize anataka nini."

"Anataka nifurahi. Ni vigumu sana kwako kuona mimi nafurahi?"

Maneno hayo yalimwingia Chausiku. Akabeba kiti chake. "Haya. Lakini mapambo nasimamia mimi. Watu wa serikali hawajui kufunga fundo."

*

Asubuhi ya sherehe wanawake waliletwa Ukumbi wa Umoja kwa malori kutoka ofisi mbalimbali: walimu, manesi, makarani, askari magereza. Walipewa khanga za sare zenye picha ya Mlezi Mkuu, wakaelezwa kwamba nyama italiwa baada ya bibi harusi kutolewa, si kabla. Kisha walifanyiwa majaribio ya vigelegele. Wenye vigelegele hafifu walipelekwa nyuma. Juu ya jukwaa palitundikwa bango kubwa: BI MWANTUMU, LIKIZO NJEMA IMEKWISHA. Mwantumu aliingizwa akiwa amefunikwa khanga kichwani, kwa hiyo hakulisoma.

Alikalishwa kwenye mkeka. Ngoma zilipigwa, na kweli zilikuwa ngoma za kwao. Chini ya ile khanga Mwantumu alilia kwa raha, na hadi leo, ukimbana, atakiri kwamba kile kipande kidogo kilikuwa kizuri kama alivyokiota.

Kisha somo alikuja. Alikuwa Kanali mstaafu mwenye sharubu, Kungwi Mkuu wa Taifa. Cheo hicho kilitaka mtu aliyewahi kuongoza kikosi, na kati ya makungwi wote wa nchi hakupatikana hata mmoja mwenye sifa hiyo.

"Mume akiingia, unafanya nini?" aliuliza Kanali kwa kipaza sauti.

"Namkaribisha," alisema Mwantumu chini ya khanga.

"Unasimama. Visigino pamoja. Halafu ndiyo unamkaribisha. Mume akikosea, unafanya nini?"

Mwantumu alifikiri. "Namwambia taratibu."

"Mume hakosei. Hilo lilikuwa swali la mtego."

Wanawake walicheka kwa sababu manaibu walicheka. Pembeni ya jukwaa Chausiku, akiwa juu ya ngazi na pini mdomoni, alikuwa anakaza kitambaa kilicholegea. Hakucheka.

Waziri akapanda jukwaani. Alizungumzia ndoa kama nguzo, kama chombo, kama lami, kama daraja la watembea kwa miguu. Alisema taifa lisilojua kusuluhisha vitanda haliwezi kusuluhisha mipaka. Alisema Mwantumu amekuwa likizo kwa muda mrefu, na kwamba mfanyakazi bora ni yule anayerudi kazini akiwa amepumzika.

"Na sasa," alisema, "mfunueni, amwone bwana wake."

Khanga ikavutwa. Mbele ya Mwantumu alikuwa amesimama Hemedi Chombo, ndani ya suti ya kijivu, kitambi mbele, ua kifuani.

Hemedi alikuwa amepanda. Kutoka katibu wa vijana alikuwa sasa Mkuu wa Wilaya, na wiki ile alikuwa aapishwe kuwa Mkuu wa Mkoa. Lakini Mkuu wa Mkoa lazima asimame kwenye gwaride na mke wake, na Hemedi hakuwa naye. Aliowaoa baada ya Mwantumu wote walikuwa likizo, na wawili walikwenda likizo nchi za jirani wakaomba hifadhi.

Hemedi alipewa kipaza sauti. "Ndugu zangu," alisema, na sauti yake ilitetemeka vizuri sana, "mwanamke huyu alinitoka. Sikumtangaza. Sikumsema. Niliumia kimya kimya kama mzalendo. Leo nasimama mbele yenu kusema, nimemsamehe."

Vigelegele vilipigwa mpaka madirisha yakalia.

Mwantumu alisimama. Miguu ilikuwa imekufa ganzi kwa kukaa, akayumba, na watu wakadhani ni furaha. "Huyu alinivunja mkono," alisema.

Kipaza sauti kilikuwa karibu, maneno yakafika mpaka viti vya nyuma. Waziri alimsogelea, akaushika ule mkono wa kushoto kwa mapenzi, akauinua watu wauone.

"Mkono ulipona, mwanangu?"

"Ulipona vibaya."

"Lakini ulipona."

Mtu mmoja alicheka kule nyuma, kwa wenye vigelegele hafifu labda, akitafuta kupandishwa. Wengine wakafuata. Kicheko kilipita ukumbi mzima, walimu na manesi na askari magereza, na Mwantumu aliziona nyuso za wanawake aliokuwa amewapambia harusi zao.

"Sirudi," alisema. "Mniue hapa. Sirudi kwake."

Waziri alizima kipaza sauti. Alimkumbatia Mwantumu, shavu kwa shavu, kama mama na binti, na wapiga picha wakapiga. Akamnong'oneza sikioni, na ile asali haikuwapo tena.

"Nisikilize vizuri. Wewe si kitu kwangu. Mlezi Mkuu anaangalia televisheni sasa hivi. Nahitaji bibi harusi mmoja atoke kwenye huu ukumbi na yule mwanamume kabla nyama haijapoa. Haijaandikwa mahali kwamba lazima awe wewe. Nani mwingine humu hana mume?"

Mwantumu hakusema kitu. Baadaye alijiapia mara nyingi kwamba hakusema kitu, na ni kweli. Alichofanya ni kugeuza macho. Yalikwenda yenyewe, kama mkono unavyokwenda panapowasha, mpaka pale pembeni, juu ya ngazi.

Waziri aliyafuata macho yale.

Chausiku alipoona manaibu wawili wanamshusha ngazini alifikiri ni kuhusu kitambaa. "Nimeshamaliza, kaeni mbali, mtakichafua," aliwaambia. Walipomfunika khanga alicheka. Walipomkalisha mkekani aliacha kucheka.

"Mimi sikuomba kuolewa," alimwambia Kanali.

"Hakuna anayeombwa," alisema Kanali. "Visigino pamoja."

"Mwantumu," aliita Chausiku. Hakupiga kelele, aliita kama anavyoita dukani anapotaka kupokezwa kamba. "Mwantumu, waambie."

Hemedi alikuwa anamtazama. Alikuwa amemtambua. Alimtambua yule mwanamke wa mlangoni mwenye nguzo ya chuma, na tabasamu lilimpanda usoni polepole, tabasamu la mtu aliyeletewa zawadi nzuri kuliko aliyoagiza.

Mwantumu aliliona tabasamu lile. Alilifahamu kuliko mtu yeyote humo ndani. Alikuwa bado na nafasi ya kusema neno moja. Akatazama chini, akakaza khanga yake kiunoni, akapita nyuma ya vitambaa vyake vya krimu na kutokea kwenye mlango wanaopitia wapishi. Hakuna aliyemzuia. Hakuwa tena bibi harusi, na humo ndani hakuwa na kazi nyingine. Nyuma yake ngoma zilianza upya na wanawake wakapiga vigelegele kwa nguvu zaidi kuliko asubuhi. Harufu ya nyama ilikuwa imeshawafikia.

Nasoro alikuwa getini, amesimama kwenye jua na suti yake mwenyewe ya zamani, kwa kuwa wanaume wasio na cheo hawakuruhusiwa kuingia.

"Wameahirisha?" aliuliza.

"Twende," alisema Mwantumu.

"Chausiku yuko wapi?"

"Twende, Nasoro."

*

Magazeti yalisema likizo imekwisha kwa shangwe. Tatizo dogo lilikuwa bango. Lilionekana kwenye kila picha, na lilisema Mwantumu. Wizara haikuona sababu ya kuchapisha bango jingine wakati ilikuwa rahisi zaidi kubadilisha mtu. Ikatangazwa kwamba mke wa Mkuu wa Mkoa anaitwa Mwantumu, na ameitwa hivyo tangu kuzaliwa.

Kwa hiyo Mwantumu na Nasoro walipokwenda kwa kadhi, kadhi alikunja uso.

"Mwantumu ameshaolewa. Nimemwona gazetini akiwa na bwana wake. Wewe ni nani?"

Mwantumu alimtazama Nasoro. Nasoro alitazama ukuta. Alikuwa ameshaambiwa yote, au karibu yote, na alikuwa hajasema lolote tangu aambiwe.

"Mna jina au hamna?" alisema kadhi. "Kuna watu wanasubiri."

"Chausiku," alisema Mwantumu.

Wakaozeshwa. Dada yake Nasoro alipika pilau. Nasoro alikuwa mume mwema, kama ilivyotarajiwa. Wageni walipokuja alimwita mkewe Chausiku, kama sheria ilivyotaka, na walipoondoka hakumwita jina lolote.

Mwaka haujaisha, Ikulu ndogo ya mkoa ikahitaji mapazia mapya, na mke wa Mkuu wa Mkoa akaagiza aitwe mpambaji fulani. Mwantumu alikwenda na sampuli zake za vitambaa. Njiani alipanga maneno. Getini askari alimwuliza jina, akampeleka barazani, akatangaza, "Bi Mwantumu, Chausiku amefika."

Mwanamke aliyekuwa kwenye kiti alikuwa amevaa gauni la mikono mirefu mpaka vidoleni, katika joto lile, na miwani myeusi. Alikuwa amepungua. Alikaa amenyooka kama mtu anayeogopa kuegemea.

"Karibu," alisema. "Kaa. Naona umeleta vitambaa."

"Shoga yangu," alianza Mwantumu, "siku ile mimi..."

"Hiki kizito kitazuia sauti?"

"Sauti?"

"Ya ndani isitoke nje. Bwana hapendi majirani wasumbuliwe."

Mwantumu alikishika kile kitambaa. "Kinaweza kuzuia kidogo. Chausiku, nisikilize, naomba unisikilize mara moja tu. Mimi sikutamka jina lako."

"Hukutamka." Yule mwanamke alichagua kipande kingine, akakipapasa kwa mkono wa kulia. Wa kushoto haukutoka mapajani. "Hiki cha krimu ni kizuri. Nipimie madirisha ya nyuma, ya chumba cha kulala, na ya bafuni. Ya bafuni uyafanye mazito zaidi."

"Niambie nikufanyie nini. Nitafanya chochote."

"Nimekwambia. Mapazia."

Mwantumu akapima madirisha. Alipima akiwa analia, na mwenye nyumba alimfuata chumba hadi chumba akimwelekeza wapi fundo likazwe, kwa sauti ile ile aliyotumia zamani kwa vibarua wageni, bila ukali na bila mazoea. Walipofika bafuni king'ora kilisikika mbali, kikija.

"Ondoka sasa," alisema Chausiku. "Bwana amekwambia usionekane hapa?"

"Hajaniambia kitu."

"Basi usingoje akwambie. Akikuona atakumbuka kwamba upo."

Mwantumu aliondoka, futi ya kupimia ikiwa bado shingoni. Alitembea haraka, kisha akakimbia, na hakugeuka.

Nyumbani Nasoro alikuwa ameivisha samaki wa nazi na wali. Alimpakulia, akakaa upande wa pili wa meza.

"Umemkuta?" aliuliza.

"Nimemkuta."

"Hajambo?"

Mwantumu alinawa mikono. "Hajambo," alisema. "Amenenepa kidogo. Amechagua krimu."

Nasoro alimtazama kwa muda, akasogeza bakuli la mchuzi upande wake. Mwantumu alikuwa na njaa tangu asubuhi. Akala akamaliza, akaomba aongezwe.